Waliingia kwa Mlango wa Mfalme: Kisa cha Eswatini, 2021

Tarehe 24 Juni 2021 kaimu waziri mkuu wa Eswatini, Themba Masuku, alipiga marufuku jambo ambalo mgeni angeliona dogo: vijana kukusanyika kwenye makao ya jimbo lao na kumkabidhi mbunge waraka wa madai. Mwenye neno, serikali ilisema, alitume kwa barua pepe. Haikupita wiki moja maghala yakawa yanawaka Matsapha, mji wa viwanda, wanajeshi wako barabarani na intaneti imezimwa. Tume ya haki za binadamu ya nchi hiyo hiyo ilikuja kuhesabu waliokufa kuwa angalau 46, na majeruhi wa risasi 245. Hii ni nchi ya watu milioni 1.2 hivi, yenye ukubwa wa kilomita za mraba 17,364, iliyobanwa kati ya Afrika Kusini na Msumbiji, ambako karibu kila mtu anamjua mtu anayemjua marehemu.

Habari nyingi za wakati ule zilikimbilia magari ya kifahari, wake wa Mfalme Mswati III na ndege yake aina ya Airbus A340. Hayo yapo, na yanauma. Utafiti wa serikali wa 2016/17 ulikuta asilimia 58.9 ya wananchi wako chini ya mstari wa umaskini wa taifa. Lakini anasa ya ikulu ilikuwa inasemwa kwa miaka 20 na nchi haikuwaka. Kinachohitaji maelezo ni kwa nini safari hii moto ulianzia kwenye karatasi, tena vijijini, mahali ambapo ufalme ulijua una watu wake. Kwa maoni yetu sababu ni moja: kwa mara ya kwanza wakosoaji walipita kwenye mlango ambao kiti cha enzi chenyewe kilikuwa kimewaambia kwa zaidi ya miaka 40 kwamba ndio mlango halali.

Mlango ulivyojengwa

Eswatini, wakati huo Swaziland, ilipata uhuru tarehe 6 Septemba 1968 ikiwa na katiba ya mtindo wa Uingereza, mfalme juu na vyama chini yake. Chama cha kifalme, Imbokodvo, kilifagia viti. Katika uchaguzi wa 1972 kikapata 21 kati ya 24. Vile 3 vilivyobaki vilikwenda kwa chama cha upinzani cha NNLC, kutoka jimbo la wafanyakazi wa mashamba ya miwa upande wa mashariki.

Viti 3 tu, na mfumo mzima ukatikisika. Mmoja wa wabunge wale, Bhekindlela Thomas Ngwenya, alitangazwa kuwa si raia akafukuzwa nchini. Mahakama ikasema ni raia. Serikali ikapitisha sheria ya kuunda baraza maalumu la kuamua nani raia na nani si raia. Mahakama ya rufaa ikaitupa sheria hiyo Machi 1973. Tarehe 12 Aprili 1973 Mfalme Sobhuza II akafuta katiba yote, akapiga marufuku vyama na kuchukua madaraka ya kutunga sheria, kutawala na kuhukumu. Hoja yake ilikuwa kwamba katiba ile na vyama vyake ni vitu vya kigeni visivyopatana na maisha ya Waswati.

Hoja hiyo haikuishia hewani. Mwaka 1978 Sobhuza alileta mbadala wake: mfumo wa tinkhundla. Inkhundla, kwa umoja, ni mahali pa watu kukutania, na imiphakatsi kadhaa (kwa umoja umphakatsi), yaani himaya za machifu, huunganishwa kuwa inkhundla moja. Leo zipo 59, na kila moja inatoa mbunge mmoja. Ahadi ya mfumo ni kwamba raia wa Eswatini hahitaji chama kwa sababu anaweza kusema na jirani yake, chifu wake na mbunge wake ana kwa ana. Katiba ya sasa, iliyoanza kutumika Februari 2006, imeiandika ahadi hiyo katika kifungu cha 79: demokrasia ya ushiriki inayotegemea tinkhundla, ambapo mtu huchaguliwa kwa sifa zake binafsi.

Uchaguzi unakwenda hivi. Kwanza watu wanajiandikisha katika umphakatsi wao. Siku ya kupendekeza majina wanakutana pale pale, jina linatajwa hadharani na wanaoliunga mkono wananyosha mikono, jirani na wakubwa wa umphakatsi wakitazama. Halafu inafuata kura ya awali, ya siri, ndani ya umphakatsi huo. Mshindi wa kila umphakatsi anakutana na wenzake kwenye kura ya pili ya inkhundla nzima, na mmoja anakwenda bungeni. Kura ni ya siri kweli, na waangalizi wamekuwa wakilisema hilo. Kasoro ipo kwenye mikono ile iliyonyoshwa siku ya kwanza. Anayetaka kumpendekeza mtu asiyependwa na chifu analifanya hilo mbele ya macho yanayojua nyumba yake ilipo.

Mbunge akishafika Lobamba, makao ya bunge, anakuta hesabu imeshafungwa. Mfalme anateua wabunge 10 pamoja na maseneta 20 kati ya 30. Anateua waziri mkuu kwa ushauri wa baraza lake mwenyewe, anateua mawaziri, na muswada bila saini yake si sheria. Ndiye amiri jeshi mkuu, na polisi na magereza viko chini yake. Tangu uhuru kila waziri mkuu kamili amekuwa wa ukoo wa Dlamini, ukoo wa kifalme. Sheria haisemi hivyo popote, ni mila tu.

Bunge liliwahi kujaribu meno yake. Oktoba 2012 lilipiga kura ya kutokuwa na imani na baraza la mawaziri la Barnabas Sibusiso Dlamini, kura 42 dhidi ya 6. Kwa katiba, wingi ule ulitosha kulivunja baraza. Mawaziri hawakutoka. Siku chache baadaye bunge lile lile likakutana tena na kufuta kura yake. Wabunge wa 2021 walikuwa wanakumbuka.

Ardhi na ng'ombe mmoja

Ukosoaji wa kijijini una gharama ambayo mtu wa Mbabane au wa Manzini hailipi, na bila kuielewa huwezi kupima ujasiri wa wale waliokwenda na karatasi.

Zaidi ya nusu ya ardhi ya Eswatini ni Ardhi ya Taifa la Waswati. Mfalme anaishika kwa dhamana ya taifa, machifu wanaigawa. Familia inayotaka kiwanja huenda kukhonta: inajipeleka kwa chifu kupitia indvuna, msaidizi wake, inasikilizwa na baraza, na ikikubaliwa inatoa ng'ombe. Hakuna hati. Ng'ombe yule na kumbukumbu ya wazee waliokaa siku ile ndiyo hati yenyewe. Kwa miaka mingi mwanamke peke yake alikuwa hakhonti. Alihitaji kaka, mume au mtoto wa kiume wa kumsemea. Kinachotolewa kwa neno kinaweza kuondolewa kwa neno.

Na kiliwahi kuondolewa. Oktoba 2000 familia za Macetjeni na kaMkhweli, upande wa Lubombo, zilifukuzwa kwenye makazi yao kwa sababu ziliwang'ang'ania machifu wao na kumkataa Mwanamfalme Maguga aliyewekwa juu yao. Mahakama ya rufaa iliamuru warudishwe. Novemba 2002 serikali ikatangaza kwamba haitazitii baadhi ya hukumu za mahakama hiyo, na majaji wake wote wakajiuzulu. Nchi ilikaa karibu miaka miwili bila mahakama ya rufaa. Anayesema kwamba Waswati wa vijijini hawakuwa na malalamiko hadi simu janja zilipofika hajaisoma Macetjeni.

Jirani na ardhi ipo Tibiyo TakaNgwane, mfuko ulioanzishwa 1968 kwa mapato ya madini, nao unashikwa na mfalme kwa niaba ya taifa. Una hisa katika sukari, vinywaji, hoteli na mengine. Haulipi kodi, na bunge halina mamlaka ya kukagua vitabu vyake. Hapa neno "kwa niaba" linabeba mzigo mkubwa kuliko uwezo wake. Mtetezi wa ufalme atakwambia, kwa haki kabisa, kwamba mali ile si ya Mswati binafsi. Basi muulize mwenye mali, yaani taifa, anaiona wapi hesabu yake. Hapo mazungumzo huwa yanaisha.

Mei na Juni

Mei 2021 Thabani Nkomonye, mwanafunzi wa sheria wa Chuo Kikuu cha Eswatini, alikutwa amekufa, na wenzake wakawanyoshea polisi kidole. Wanafunzi waliandamana, na polisi wakafyatua mabomu ya machozi hata kwenye ibada ya kumkumbuka. Kabla ya hapo nchi ilikuwa na mwaka mzima wa korona nyuma yake. Waziri Mkuu Ambrose Dlamini mwenyewe alikuwa amekufa kwa ugonjwa huo Desemba 2020, na kiti chake kilikuwa kimekaa miezi sita na kaimu. Zaidi ya nusu ya vijana wanaotafuta kazi hawakuwa nayo.

Wakati huo huo wabunge watatu, Bacede Mabuza wa Hosea, Mthandeni Dube wa Ngwempisi na Mduduzi Simelane wa Siphofaneni, walisimama wakasema waziri mkuu achaguliwe na wananchi. Tazama mahali waliposimama. Hawakuwa PUDEMO, chama kilichoanzishwa kwa siri 1983 na kuorodheshwa kuwa kundi la kigaidi 2008. Hawakuwa vyama vya wafanyakazi wala wakimbizi wa Johannesburg. Walikuwa wabunge halali wa tinkhundla, waliopendekezwa kwa mikono kwenye imiphakatsi, waliochaguliwa "kwa sifa zao binafsi" kama katiba inavyotaka.

Vijana wakawafuata. Katika jimbo moja baada ya jingine walikusanyika kwenye makao ya inkhundla, wakasoma madai yao kwa sauti, wakamkabidhi mbunge waraka na kumtaka awaunge mkono. Madai yalitofautiana: barabara hapa, ajira pale, ufadhili wa masomo, ukatili wa polisi. Lakini moja lilijirudia karibu kila mahali, waziri mkuu wa kuchaguliwa. Wengi wao hawakuomba ufalme uvunjwe.

Jambo hili linahitaji kukaziwa kwa msomaji wa Tanzania, ambako kumbukumbu ya mambo haya ni ya kufagia: Tanganyika ilifuta machifu kwa sheria mwaka 1963, na Sultani Jamshid wa Zanzibar aliondolewa tarehe 12 Januari 1964, siku 33 baada ya uhuru. Tukisikia mfalme anakosolewa, akili zetu zinaruka moja kwa moja kwenye meli inayotoroka. Vijana wa Juni 2021 walikuwa wanaomba kitu cha kati: mfalme abaki, serikali iwajibike kwa wapiga kura.

Marufuku ya tarehe 24 ndiyo iliyobadilisha sura ya jambo. Tangu 1978 jibu la kila anayetaka vyama lilikuwa: nenda kaseme kwenye inkhundla yako. Wamekwenda, wamesema, kisha wanaambiwa inkhundla imefungwa. Waliokuwa wanaamini mfumo walipoteza hoja siku hiyo, na waliokuwa hawauamini hawakuhitaji tena kumshawishi mtu. Vijana walipojitokeza na nyaraka zao baada ya tangazo walikuta vizuizi na mabomu ya machozi. Tarehe 28 na 29 Juni yalichomwa maduka, malori na maghala. Uchomaji ule haukuwa wa upofu mtupu: miongoni mwa vilivyolengwa lilikuwemo ghala la kampuni ya bia lililoko Matsapha, na watu walijua nani ana hisa pale. Palikuwepo pia uporaji wa kawaida, wa friji na magunia ya unga, na wenye maduka madogo walipoteza mtaji ambao hawakurudishiwa.

Majibu, moja baada ya jingine

Kosa la pili baada ya marufuku lilikuwa ukimya. Uvumi ulienea kwamba mfalme amekimbia nchi. Masuku alikanusha tarehe 29 Juni, lakini mfalme mwenyewe hakuonekana hadharani kwa zaidi ya wiki mbili. Ukoo wa kifalme unaojenga uhalali wake juu ya uwepo wa mwili wa mfalme, yule Ngwenyama, yaani mfalme mwenyewe, anayecheza sherehe ya Incwala na watu wake kila mwisho wa mwaka, hauwezi kumudu wiki mbili za kutoonekana.

La tatu, intaneti. Tume ya mawasiliano iliziamuru kampuni za simu kuizima. Serikali ilitaka kukata mawasiliano ya waandamanaji. Ilichopata ni kukata sauti yake yenyewe, kwa sababu tangazo lake la kuomba utulivu halikuwafika watu wale wale. Na ile barua pepe ya malalamiko haikuweza kutumwa bila intaneti. La nne, risasi, ambazo hesabu yake tumeitaja. Amri ya kutotoka nje jioni ilifuata, na wengi wa majeruhi walifika hospitali kwa miguu au wakabaki nyumbani.

Kisha, tarehe 16 Julai, Sibaya.

Hapa panafaa kusimama kidogo. Sibaya ni zizi la ng'ombe la kifalme pale Ludzidzini, makao ya mama mfalme, Ndlovukati. Katiba inakifanya chombo: kifungu cha 232 kinasema wananchi kupitia Sibaya ndio baraza kuu la sera na ushauri la taifa, na kwamba mkutano huo unaweza kuitwa wakati wowote kutoa maoni ya taifa kuhusu mambo mazito. Picha yake ni hii: watu wameketi chini, wanaume kwa wanawake wamejifunga emahiya, vitambaa vya kitamaduni, wazee na mawaziri nao vile vile wakiwa na ngozi kiunoni. Mwenye kusema anaanza kwa salamu ya "Bayethe" na majina ya sifa, ndipo anafika kwenye jambo lake. Hakuna hoja inayopigiwa kura. Mwisho mfalme anazungumza, na akishazungumza jambo limefungwa, kwa sababu Waswati husema mfalme ni umlomo longacali manga, mdomo usioanza uongo. Kuna uzuri katika utaratibu huu: mwenye ng'ombe mmoja anaweza kusikika mbele ya mfalme bila wakili. Kuna pia tatizo ambalo hakuna adabu inayoweza kulifunika. Ukipinga kilichosemwa na mdomo usioanza uongo, umesema nini?

Sibaya ya Julai 2021 haikufikia hata hapo. Watu waliitwa, wakasikiliza. Mfalme akatangaza mfuko wa emalangeni (sarafu ya nchi) milioni 500 wa kujenga upya vilivyoharibiwa, na akamtaja waziri mkuu mpya, Cleopas Dlamini. Maoni hayakupokelewa.

Siku tisa baadaye Mabuza na Dube walikamatwa; Simelane alishavuka mpaka. Walishtakiwa kwa sheria ya kuzuia ugaidi ya 2008, wakanyimwa dhamana mara kwa mara. Juni 2023 mahakama kuu iliwatia hatiani kwa ugaidi na kwa mauaji ya watu wawili waliokufa siku za ghasia. Julai 2024 Mabuza alihukumiwa miaka 25, Dube miaka 18. Sehemu kubwa ya ushahidi ilikuwa hotuba zao. Ujumbe kwa mbunge mwingine yeyote wa inkhundla haukuhitaji mkalimani.

Oktoba 2021 moto ulirudi, safari hii kupitia wanafunzi wa shule, wauguzi na wafanyakazi wa mabasi. SADC, ambayo ilishatuma mawaziri Julai, ikatuma wajumbe tena. Tarehe 2 Novemba Rais Cyril Ramaphosa, akiwa mwenyekiti wa chombo cha siasa, ulinzi na usalama cha jumuiya hiyo, alikutana na Mswati wakakubaliana kuwe na mjadala wa kitaifa. Mfalme akaomba usubiri Incwala ipite. Incwala ikapita, na nyingine, na nyingine.

Aliyekuwa akitengeneza meza ya mjadala huo kutoka upande wa raia alikuwa wakili Thulani Maseko, mwenyekiti wa jukwaa lililounganisha vyama, makanisa, wafanyabiashara na asasi. Aliwahi kufungwa 2014 pamoja na mhariri Bheki Makhubu kwa makala zilizoikosoa mahakama, hadi mahakama ya juu ilipowaachia Juni 2015. Usiku wa tarehe 21 Januari 2023 alipigwa risasi nyumbani kwake Luyengo, mbele ya mke na watoto. Serikali ilikana kuhusika. Miaka miwili ilipita bila mtu kutiwa hatiani. Kwa mtu anayechambua jinsi mazungumzo yanavyokufa, tukio hili lina uzito kuliko maandamano yote: aliuawa yule aliyekuwa na uwezo wa kukaa na pande zote mbili.

Meneja bora

Weka majina matatu kwenye mstari mmoja. Ambrose Dlamini, aliyeteuliwa 2018, alitoka kuongoza kampuni ya simu ya MTN Eswatini. Cleopas Dlamini, 2021, alitoka kuongoza mfuko wa pensheni wa watumishi wa umma. Russell Dlamini, Novemba 2023, alitoka kuongoza wakala wa kukabiliana na maafa. Wote ni wakurugenzi watendaji, na wote walikuja na sifa ya kujua kazi. Mswati anaposikia "serikali yako imeshindwa", anatafuta meneja bora. Wananchi walikuwa wameuliza swali jingine: nani anamwajiri meneja? Ukijibu swali ambalo hukuulizwa, hata jibu likiwa zuri, muulizaji anaondoka na swali lake mfukoni.

Mjadala ulioahidiwa 2021 ulifanyika hatimaye Oktoba 2023, baada ya uchaguzi wa Septemba mwaka huo, na ulifanyika kwenye Sibaya. Safari hii kipaza sauti kilipitishwa na watu walisema. Asasi nyingi zilizokuwa zimedai mjadala zilikaa kando. Zilitaka meza yenye mwenyekiti asiye wa ikulu, ajenda iliyoandikwa na waliofungwa wameachiwa, na zizini hakuna hata kimoja kati ya hivyo.

Je, kuna kitu kiliwahi kuisogeza serikali hii? Kipo, na hakizungumzwi vya kutosha. Januari 2015 Marekani iliiondoa Swaziland kwenye mpango wa AGOA, ule ulioruhusu nguo kuingia soko lake bila ushuru, kwa sababu ya sheria zinazobana vyama vya wafanyakazi na mikutano. Viwanda vya nguo vya Matsapha na Nhlangano vikapunguza watu, wengi wao wanawake. Masharti ya kurudi yalikuwa machache na yameandikwa: badilisha sheria hii na hii. Serikali ikalalamika, kisha ikabadilisha, ikiwemo sheria mpya ya utulivu wa umma ya 2017, na mwaka 2018 milango ikafunguliwa tena. Linganisha na mkopo wa randi bilioni 2.4 ambao Afrika Kusini iliahidi 2011, mapato ya SACU, umoja wa forodha wa kusini mwa Afrika, yalipoporomoka na mishahara kuyumba. Masharti ya mageuzi yalikuwa ya jumla jumla, mkopo haukuchukuliwa, na mapato ya SACU yalipopanda tena mwaka uliofuata haja ikaisha. Shinikizo lenye orodha fupi na tarehe lilifanya kazi. Lile la "fanyeni mazungumzo" lilisubiriwa lipite, na SADC ilipewa hilo hilo la pili.

Kwa wafalme wenzake pia kuna kipimo. Februari 2011 vijana wa Morocco waliingia mitaani. Siku 17 baadaye Mfalme Mohammed VI alitangaza mageuzi ya katiba, na tarehe 1 Julai katiba mpya ilipigiwa kura. Waziri mkuu sasa lazima atoke kwenye chama kilichoongoza uchaguzi. Mfalme alibaki na jeshi, dini na neno la mwisho katika mengi, na wakosoaji wake wanasema alitoa kidogo sana. Ni kweli. Lakini alichotoa ndicho kile kile walichoomba wabunge watatu wa tinkhundla, na alikitoa kabla watu hawajaanza kuhesabu maiti kwa makumi.

Tofauti ya mazingira ipo. Morocco ilikuwa na vyama vilivyokuwepo tayari kupokea madaraka. Eswatini imevizuia tangu 1973, hivyo hata mfalme akikubali kesho, haijulikani nani angesimama kama kiongozi wa wengi bungeni. Huo ni ugumu halisi. Ni ugumu uliotengenezwa na ikulu yenyewe, lakini hauondoki kwa kulaumiana. Wanaopendekeza hatua za mpito husema ianze na jambo dogo: wabunge 59 wa tinkhundla wamchague waziri mkuu kutoka miongoni mwao, kabla ya kugusa suala la vyama. Inahitaji kubadilisha kifungu cha 67 cha katiba, ambacho sasa kinampa mfalme kazi hiyo.

Agosti 2024 mahakama ya juu ilitengua hukumu ya 2016 iliyokuwa imefuta sehemu za sheria ya uchochezi ya 1938 na ile ya ugaidi, hukumu ambayo mmoja wa walioipata mahakamani alikuwa Maseko. Sheria zote mbili zimerudi na meno yao. Uchaguzi mwingine ni 2028. Atakayetaka kujua mwelekeo asisubiri siku ya kura. Aende kwenye imiphakatsi ya Hosea, Ngwempisi na Siphofaneni siku ya kupendekeza majina, atazame ni majina gani yanatajwa, na mikono mingapi inanyoshwa.